Mkono Asioupokea Mama

Kazi yangu ilikuwa kurusha mpira. Naanza na hilo kwa sababu nimechoka kulieleza mwishoni, baada ya watu kuniuliza kwenye harusi na kwenye matanga kama nilikuwa golikipa. Sikuwa golikipa. Nilikuwa mrushaji wa besiboli. Nililipwa kwa kurusha, nikazunguka dunia kwa kurusha, na kwa kurusha huko huko nikakiharibu kiwiko, hata leo mkono wangu wa kushoto haunyooki vizuri kufikia kopo la majani ya chai kwenye rafu ya juu.

Mchezo wenyewe si mgumu, ingawa mama yangu aliufanya mgumu kwa makusudi. Mtu mmoja anasimama na gongo. Mwengine, ndiye mimi, anasimama mbali kidogo juu ya kilima kidogo cha udongo na kumrushia mpira mgumu kwa nguvu na hila zote alizojaliwa, ili yule wa gongo aukose. Akiukosa mara tatu, anatoka. Basi. Na anayetafutwa kuliko wote ni mrushaji wa mkono wa kushoto, maana wapigaji wengi wamezoea mpira utoke upande wa kulia, ukiwajia kutoka upande wa pili wanababaika. Kuna watu wanaosafiri nchi kwa nchi kutafuta mashoto.

Mimi nilizaliwa mashoto, Walthamstow, katika nyumba ya mama asiyetaka mashoto nyumbani kwake.

Wazee wangu walitoka Unguja baada ya Mapinduzi. Baba alikuwa baharia wa meli za mizigo na alikuwa haonekani nyumbani, kwa hivyo nililelewa na mama, aliyefanya kazi ya kufua mashuka ya hospitali. Mama aliacha kila kitu Unguja isipokuwa adabu. Adabu aliipakia yote, hata ile ambayo wenzake walikuwa wameshaichoka. Na adabu ya kwanza ilikuwa mkono. Wa kulia ndio wa kulia chakula, wa kutoa, wa kupokea na wa kuamkia wakubwa. Wa kushoto ni wa chooni, na nje ya chooni ukae kimya.

Nilipokuwa mdogo alinivika soksi mkono wa kushoto wakati wa kula. Soksi ya baba, ya sufu nene, akaifunga kifundoni kwa utepe. Nikisahau nikampa kitu kwa mkono ule, hapigi kelele. Anakaa tu, mikono mapajani, anatazama ukuta, mpaka nibadilishe. Kikiwa kikombe cha chai ya moto, nitaungua mimi, yeye hana haraka. Nikizidi ubishi, ni kofi, na kofi la mama kila mara lilinipata shavu la kulia, kwa kasi ambayo sikuwahi kuikwepa. Nilipofika umri wa kwenda skuli, nilikuwa nakula kwa kulia, naandika kwa kulia, na mwandiko wangu ulikuwa unasikitisha kila mwalimu.

Mama akaona amemaliza kazi. Hakujua kuhusu Jumapili.

Jumapili palikuwa na Mmarekani mmoja, ameoa Mwingereza wa mtaani kwetu, aliyekuwa akikusanya vijana kwenye uwanja wa majani karibu na mabwawa ya maji na kuwafundisha besiboli, mchezo ambao hapana mtu London aliyeuomba. Nilikwenda kwa sababu alikuwa akigawa machungwa. Akanipa mpira nirushe. Nikarusha kwa kulia, ukaangukia mbele ya miguu yangu mwenyewe. Akanitazama, akasema nijaribu mkono wa pili. Nikageuka nyuma kuangalia kama mama yuko, nikarusha. Mmarekani aliupokea kwa glovu, akaivua, akauangalia mkono wake uliokuwa umewiva. Kisha akaniuliza swali ambalo niliulizwa tena na kila kocha niliyepita mikononi mwake: mkono huu umeutoa kwa nani? Baba yako alikuwa akicheza? Nikajibu sijui. Baba alikuwa mtu wa kulia, mkono wake wa kushoto haukuweza hata kufungua kopo.

Nilipotimiza miaka kumi na tisa akaja mtu kutoka Amerika, akanitazama nikirusha, akataka nikajiunge na timu ya ligi ndogo, huko chini ambako wanaanzia wote. Ilibidi nimwambie mama. Nilimkuta jikoni anachambua mchele.

"Kazi ya nini?" akauliza.

"Ya kurusha mpira, mama."

"Kwa mkono upi?"

Nikautazama wa kushoto.

"Kwa mkono huo?"

"Ndio, mama. Wanautaka huo huo."

Akapepeta mchele kidogo, akapuliza. "Na wao hawaoni haya?"

Hivyo ndivyo nilivyoagana na mama. Aliponiona naitia glovu begini, akaishika kwa ncha za vidole, akaigeuza na kuinusa. Alitaka kujua kama ni ngozi ya nguruwe. Nikamwambia ni ya ng'ombe. Akaniambia niape. Nikaapa. Akataka kujua inavaliwa mkono gani, nikamwonyesha: kulia, ili kushoto ubaki huru kurusha. Akaketi kitako. "Yaani mkono mzuri umeutia guniani," akasema, "ule mwengine ndio ushautoa mbele za watu."

Nitasema kwa ufupi mambo ya Amerika, kwa sababu kazi yenyewe ilikuwa fupi kuliko safari zake. Ni miji midogo ambayo sikuijua kabla na sijaisikia tangu hapo. Ni mabasi, kutoka uwanja hadi uwanja, mchana kutwa, na mtu wa kiti cha nyuma anatafuna mbegu za alizeti na kutema maganda kwenye chupa. Nilikuwa hodari. Nasema bila ya kujisifu, maana sasa haina faida yoyote. Mpira wangu ulikuwa ukifika kwa mpigaji unateremka dakika ya mwisho, na watu wazima wenye mikono kama mapaja walikuwa wakilipiga gongo hewani na kunitukana. Nilipanda daraja, nikapanda tena. Kila mwaka waliniambia nisubiri, ligi kubwa iko karibu, na kila mwaka akaitwa mwengine. Mara mbili aliitwa mtu ambaye mpira wake ulikuwa ukinyooka vizuri hata ningeupiga mimi. Hapo baadaye nikaenda Uholanzi, ambako pia wanacheza na wanalipa, na huko ndiko kano ya kiwiko ilipokatika. Wakanipasua, wakanishona, nikarusha msimu mmoja kwa maumivu, nikaachwa.

Muda wote huo mama alikuwa akiwaambia watu kwamba nafanya kazi ya mabasi. Mwanamke anayejua kusoma, anayesikiliza taarifa ya habari kila siku, akijibu sokoni Walthamstow mbele ya muuza samaki, "Mwanangu? Yuko Amerika, kwenye mabasi." Nilimuuliza kwa nini. Akasema si nilimwambia mwenyewe kwamba siku zote niko ndani ya basi.

Kitu kimoja tu nilikuwa nakitaka kwake, na nilikitaka mpaka nikajionea aibu. Mrushaji akishinda mchezo wake wa kwanza, hupewa mpira wenyewe auchukue nyumbani. Msimu ulipokwisha nikarudi London nao, umeandikwa tarehe, una tope na alama ya gongo pembeni. Mama alikuwa mezani. Nikautoa mfukoni nikamwelekezea, na sikufikiri, ulikuja kwa mkono uliourusha.

Akaweka mikono mapajani. Akatazama ukuta.

Ningeweza kubadilisha. Ilikuwa kazi ya nukta moja. Lakini nilikuwa nimetoka bara jengine, watu elfu kadhaa walikuwa wamesimama kwa ajili ya mkono ule, na sasa nisimame jikoni kwetu nauomba radhi. Sikubadilisha. Na yeye hakupokea. Mwishowe chai ikachemka, nikautupia mpira ndani ya kikapu cha vitunguu pale mezani, nikatoka. Ukakaa humo. Kila likizo niliukuta kikapuni, umezungukwa na vitunguu na kitunguu thomu, maganda yameunata. Vitunguu vilikwisha na kununuliwa vipya, mpira ukabaki. Hakuutupa, hakuutoa, hakuutaja. Nami sikuutaja. Tulikuwa na ubishi wa aina moja, watu wa nyumba ile.

Nilipoacha kucheza nikapata kazi ya kufundisha michezo skuli moja karibu na nyumbani, nikapanga chumba mtaa wa pili. Miaka ikapita hivyo, mama akistaafu, baba akifariki, mimi nikiwafundisha watoto wa Kiingereza kurusha mpira ambao hawakuutaka. Kisha mama akapatwa na kiharusi.

Upande wa kulia ukafa wote, mkono na mguu. Daktari alinitayarisha kwa mabaya zaidi, akasema wengi wanaopigwa upande huo hupotewa na maneno. Mama hakupotewa na hata moja. Daktari alistaajabu. Mimi nilisubiri, na siku ya pili alfajiri akaniuliza kwa ufasaha kamili nani amemvisha lile gauni la hospitali lililo wazi mgongoni.

Tukamrudisha nyumbani na kitanda tukakiweka ukumbini. Ikaja tabu ya chakula. Mkono wa kulia haunyanyuki. Wa kushoto ni mzima, una nguvu, unavuta shuka, unazima redio. Lakini ukiwekewa kijiko, unakilaza kwenye sahani taratibu, na mdomo unafungwa.

Halmashauri ilituletea mwanamke wa Kikenya, mlezi, mtu mpole kupita kiasi, aliyekuwa akija kila mchana. Alinipigia simu skuli.

"Huyu mama amekataa chakula," akasema. "Nimempikia uji, nimempikia wali. Nikimlisha, anageuza uso. Nikimpa spoon, anaiweka chini. Sasa nitafanya aje?"

Nikazungumza na mama. "Kwa nini hutaki akulishe?"

"Mimi si kinda la njiwa nifunguliwe mdomo na mtu nisomjua."

"Basi kula mwenyewe."

"Kwa mkono gani?"

"Huo ulio mzima, mama."

Akanitazama kana kwamba nimetukana. Kwangu mimi alikubali kula, nikimlisha kwa mkono wa kulia, tonge kwa tonge, asubuhi kabla ya skuli na jioni nikirudi. Mchana hali. Na asubuhi nikichelewa, hali. Akaanza kukonda, mashavu yakaingia ndani, pete ikawa inamvuka kidole. Akaja mwanamke mwengine wa halmashauri, mwenye kalamu shingoni, akampima uzito kwenye kiti, akaniambia mbele ya mama kwamba mgonjwa asiyeweza kula nyumbani hawezi kuachwa nyumbani. Akirudi akakuta uzito umepungua tena, watamtafutia nafasi kwenye nyumba ya wazee. Alisema kwa upole, na alikuwa anasema kweli.

Nikampigia sheikh. Sheikh akanieleza, na akasema nimpe mama simu amweleze mwenyewe, kwamba dharura inaruhusu, mgonjwa hana lawama, dini haina uzito huo. Mama akasikiliza mpaka mwisho, akamshukuru, akamuombea dua, akanirudishia simu.

"Umesikia?" nikamuuliza.

"Nimesikia. Nilikuwa nalijua hilo kabla hajazaliwa."

"Sasa?"

"Sasa sheikh ana mikono yake miwili."

Hapo ndipo nilipochoka. Siku ile ilikuwa Jumamosi mchana, mlezi hayupo, mimi nimempikia wali na mchuzi wa samaki kama anavyoutaka, nazi nyepesi, ndimu nyingi. Nimemkalisha kwenye kiti chake mbele ya meza ya jikoni, kijiko nimekiweka upande wa kushoto na nimekataa kumlisha. Nilimwambia leo simlishi. Nilikuwa nimeshafikiria nyumba ya wazee, mama yangu kwenye foleni ya viti vya magurudumu anangojea viazi vya kuponda, haongei na mtu, na niliogopa. Lakini hofu yangu mimi hutoka kama hasira. Nikamwambia mkono wangu huu wa kushoto unaouonea haya ndio uliomlisha mwanao. Nikamwambia wageni wameusimamia na kuupigia makofi, wewe umeuvika soksi. Yeye, mikono mapajani. Anatazama ukuta.

Nikaenda chumbani, nikafungua droo, nikarudi na soksi. Nikaukamata ule mkono wake wa kulia, uliolala pale mapajani kama si wake, nikauvika.

"Ndio huu sasa wa kufungwa," nikasema. "Tuone utakula kwa upi."

Nikageuka kwenda mlangoni. Nikasikia kikapu cha vitunguu kikikwaruza meza. Niligeuka kwa mazoea tu, mtu aliyeishi kwa mpira hugeuka, na kitu kilikuwa kimeshafika usoni pangu. Nikakidaka kwa mkono wa kulia, mtupu, na kiganja kikawaka moto. Nilidhani ni kitunguu. Ulikuwa mpira wangu.

Sikuutazama mpira. Nilikuwa namtazama mama. Nimefundisha watu kurusha, najua mtu anarusha vipi kwa mkono usio wake: kiwiko kinabaki chini, bega linaganda, mpira anausukuma badala ya kuutupa. Hata mtu mwenye nguvu, hata mtu mwenye hasira. Mkono wa mama ulikuwa bado hewani, mwisho wa safari yake. Kiwiko kilikuwa juu. Kifundo kilikuwa kimelala mbele, vidole vimetazama chini, kama nilivyokuwa nikionyeshwa kila siku kwa miaka na makocha watatu tofauti. Yeye hakuonyeshwa na mtu. Nikagusa shavu langu la kulia.

"Mama," nikasema. "Wewe ni mashoto."

"Toka hapa."

"Mama."

Akaushusha mkono, akaufunika kwa kanga. Mara hii hakutazama ukuta, alitazama sahani.

"Bibi yako alinifunga mkono huu kwa ukaya wake wa kichwani," akasema. "Hapa, kiunoni. Mchana kutwa. Mpaka nikavunja ungo ndio akaamini nimeacha. Nikaacha. Mtu huacha. Ulipokuwa mdogo nikakupa kijiko, ukakishika kwa huo. Nililia siku ile. Nikasema, huyu kaja na langu."

Nilikuwa nimesimama na mpira mkononi, na siwezi kusema nilisikia huruma peke yake. Nilikasirika. Kila kocha aliniuliza mkono huu umeutoa kwa nani, na kila mara nilisema sijui, na jibu lilikuwa Walthamstow linanunua vitunguu na kuwaambia watu niko kwenye mabasi. Nilitaka kumgombeza. Nilitaka pia kumbusu ule mkono. Nikaufuta mpira maganda kwa shati, nikamwelekezea, kwa kushoto, kwa makusudi, kiwiko changu kibovu kimejikunja njiani.

Mkono ukatoka chini ya kanga ukauchukua. Akauweka kando ya sahani.

"Funga pazia," akasema.

Nikafunga pazia. Akaukamata ule wali, si kwa kijiko, kwa vidole, kwa mkono wa kushoto, akaufinyanga tonge na kulitia mdomoni, na hapana hata punje iliyoanguka. Mimi nilipoanza kula kwa kulia nilikuwa namwaga mpaka ukubwani. Yeye hakumwaga kitu. Akala kimya, haraka, mtu mwenye njaa, nami nikakaa upande wa pili wa meza, sijui niweke wapi macho.

Alipofika nusu ya sahani akakumbuka kwamba sijala. Akamega kipande cha samaki, akakichambua miba, akaninyooshea. Kwa mkono ule ule.

Nikaweka mikono mapajani. Nikatazama ukuta.

Nilimwacha hivyo, mkono umenyooka juu ya meza, mchuzi unamdondoka kwenye kanga, na yeye hakubadilisha, maana hakuwa na wa kubadilisha. Kisha nikaona mkono unaanza kumshuka. Nikakipokea kile kipande kwa kushoto, nikala.